Joho la Kuazima

Mama yangu si mtu wa sinema. Nalisema hilo mapema, kwa sababu haya ninayoyasimulia yanaweza kumfanya msomaji adhani ni bibi wa kujifungia chumbani na tamthilia za Kituruki. Tamthilia za Kituruki ni za msichana wetu wa kazi, na mama humwambia kila siku kwamba zitamwondoa akili. Yeye maisha yake yote kapenda picha moja tu: ya Kijerumani, ya zamani, nyeusi na nyeupe, ya watu wa kasri ya mfalme ambao kila wakitaka kusema jambo la maana huanza kuimba. Na Kijerumani chenyewe hajui hata cha kuombea maji.

Alipotoka eda ya baba, mwaka juzi, sisi watoto tulimuuliza anataka nini. Kaka zangu walikwisha kujiandaa kumpeleka umra, na mmoja alikwisha kumnunulia viatu vya kutufia Kaaba. Mama akasema umra atakwenda, inshallah, lakini kwanza anataka ile picha ya fundi wa piano.

"Nikiiona midomo yao inacheza," alisema, "nitamsikia babaenu."

Tulitazamana. Sauti ya baba haikuwamo katika picha ile hata kidogo. Lakini kila mmoja wetu alijua mama anakusudia nini.

Picha iliingia nyumbani kwa mkono wa baba, siku zile tulipokuwa tukikaa Ruwi, mjini Maskati. Alikuwa fundi wa redio na televisheni. Duka lake lilikuwa chini, barabarani, na sisi tulikaa juu yake, chumba na ukumbi, na harufu ya lehemu ilipanda ngazi ikaingia mpaka kwenye foronya za mito. Ujanani mwake, kabla hatujahamia Maskati, alipelekwa Ujerumani kutoka Unguja kusomea kazi hiyo. Akarudi na koti zito ambalo hakulivaa tena, na lugha ambayo hakuwa na wa kuongea naye. Mpaka alipotokea mteja mmoja, mhandisi wa Kijerumani, mzee mwenye miguu mirefu, ambaye nadhani alikuwa akiharibu vitu vyake makusudi apate pa kukaa. Walikaa kwenye viti vya plastiki mlangoni mwa duka wakicheka mpaka wakifuta machozi. Mkataba wake ulipokwisha, yule mzee alimwachia baba kanda ya video, akarudi kwao.

Basi ikawa ada yetu. Ijumaa, watu wakisharudi msikitini, wali ukishaliwa na kahawa ikishamiminwa, baba hukaa chini mbele ya televisheni, kidole karibu na kitufe cha deki, na kututafsiria. Mfalme alimpa sauti ya ami yetu mmoja mwenye pumu. Msimamizi wa kasri, aliyekuwa akitembea na fimbo ndefu na kuigonga sakafuni, alimfanya mshenga aliyechoka kupanda ngazi za watu. Nyimbo aliziimba kwa Kiswahili juu ya sauti zao, na mara nyingi Wajerumani walimaliza kabla yake.

Hadithi, kwa jinsi tulivyopewa sisi, ilikuwa hivi. Kuna binti mfalme ambaye baba yake anataka kumwoza mwana wa mfalme wa nchi ya pili, mtu asiyepata kumwona. Piano ya kasri imeharibika. Anaitwa fundi. Fundi anakaza nyuzi, binti mfalme anapita, fundi anamwona, na imekwisha kazi. Kila jioni kabla ya kuondoka, baba alitwambia, fundi hulegeza uzi mmoja makusudi, ili kesho piano iharibike tena na aitwe tena.

"Mwizi huyo," mama husema.

"Mwizi wa nini? Kachukua nini?" baba hujibu bila ya kugeuka.

Katikati kuna wimbo ambao fundi anauimba chini ya roshani, na binti mfalme yuko juu anajifanya hasikii. Baba alituambia fundi anasema: chumba changu ni kidogo, lakini dirisha lake linaona mbali. Hapo mama alikuwa hakosi kusema kwamba dirisha letu sisi linaona kituo cha mabasi. Tulicheka sana. Sisi watoto tulikuwa tukimsubiri aseme hivyo, na akichelewa mmoja wetu humkumbusha.

Mwisho wake, ngazi kubwa ya marumaru, taa za vioo, wanawake wa magauni mapana, na fundi wetu anateremka kavaa joho jeupe begani, upanga kiunoni na nishani kifua kizima. Nilikuwa mdogo nilipouliza mara ya kwanza, "Baba, mbona kavaa kama mfalme?"

"Hujapata kumwona bwana harusi wewe? Bwana harusi huyo. Hata muuza samaki siku ya harusi yake si huvaa joho na jambia na upanga? Kaazima. Kaazima kwa ami yake bibi harusi."

Nani angembishia? Nilikuwa nimekwisha kuona mabwana harusi wasiopungua kumi, makarani na madereva, wote wamevaa majoho ya watu, wanatembea polepole wasije wakakanyaga pindo. Na zaidi ya hayo, sote tulijua joho la harusi ya baba mwenyewe lilitoka wapi. Lilikuwa la ami yake mama.

"Na likarudi na doa la zaafarani," mama husema.

Hapa lazima nieleze jambo la mama na jumba la mfalme. Nyanya yake mama, huko Unguja, alikuwa akishona nguo za mabibi wa jumbani kwa Sultani. Kushona nguo za bibi si kuwa bibi, baba alipenda kumwambia, lakini mama alilelewa katika nyumba ambayo bado watu walikunja leso kwa namna ya jumbani na kumimina kahawa kwa namna ya jumbani, hata baada ya jumba lenyewe kukosa mwenyewe. Baba alitoka shamba, baba yake alikuwa akiuza mkaa. Alifika kwenye nyumba ile ya mjini kwa ajili ya redio. Babu yangu mzaa mama alikuwa na redio kubwa ya kabati, ikaharibika, akaitwa kijana aliyerudi kutoka Ulaya na ufundi. Akaitengeneza. Ikafa. Akaja tena, ikafa tena. Mwezi mzima, kwa maelezo ya mama, redio ile ilikuwa maiti wa kufufuka asubuhi na kufa magharibi, na yeye nyuma ya pazia ndiye aliyekuwa akitoa sharubati ya kumpelekea fundi. Mwisho wa mwezi kijana akaleta posa. Wakati ule mambo yalikuwa yamegeuka, wakubwa wa zamani walikuwa hawana sauti, na babu akakubali.

Mama aliisimulia hadithi hiyo kila alipotaka kumchokoza mumewe mbele ya wageni. "Fundi gani huyu? Redio moja, mwezi mzima!" Na baba alitabasamu, akaomba kahawa nyingine.

Basi, turudi kwenye picha. Gari la farasi linatoka kwenye lango la kasri, bwana na bibi harusi ndani yake. Baba anatwambia: wanakwenda kwao sasa, chumba na ukumbi, juu ya karakana. Halafu, kidole kwenye kitufe, macho kwenye skrini, anauliza swali ambalo hakuacha kuliuliza hata Ijumaa moja.

"Je, bibie? Kafanya vyema?"

"Nani, huyo?" mama husema, anakusanya vikombe. "Mjinga huyo! Kuacha jumba la baba yake akakae juu ya karakana!"

Tunacheka. Baba anacheka. Anabonyeza kitufe na kanda inarudi nyuma kwa ule mlio wake wa kuvuta pumzi. Hiyo ndiyo ilikuwa Ijumaa yetu, na mimi niliipenda kuliko siku zote. Hata sasa sijui siku yoyote iliyonijaza kama zile.

Mambo yakaja yakapata nafuu. Kaka zangu walifanya kazi, tukajenga Mabela, nje kidogo ya mji, nyumba yenye vyumba ambavyo vingine havina hata mtu wa kulala. Mama akapata jiko la marumaru. Siku ya kuhamia baba aliingia kila chumba, akafungua kila dirisha, akasema, "Haya bibie, jumba lako hilo." Mama akasema kabati za jikoni zimewekwa juu mno. Ile kanda ikahamia na sisi, mpaka mwaka wa kimbunga wadi, lile bonde la mto mkavu, lilipofurika likaingia ghalani, na tulipoitoa ilikuwa imejaa matope. Baba aliiosha kwa maji ya chupa, akaianika, akaifungua kwa bisibisi ndogo kama mtu anayempasua ndege. Haikupona.

Kwa hivyo mama alipoiomba picha ile, nilijua tunatafuta kitu kisichokuwepo. Jina hatukulijua, baba aliiita "ya fundi" tu. Binti yangu ndiye aliyeipata. Anasoma chuo kikuu, Kiswahili chake ni cha nyumbani, nusu yake Kiarabu, na mtandaoni anajua kutafuta kitu mpaka kione haya kijitokeze. Nilimweleza ngazi, piano, mzee mwenye fimbo. Siku ya pili yake alinionyesha simu: "Mama, ndiyo hii?" Ilikuwa ndiyo hiyo. Imesafishwa, inang'ara kuliko tulivyopata kuiona sisi. Na chini yake, kwa hisani ya mtu fulani asiye na kazi, tarjama ya Kiarabu.

Ijumaa ile nilipika wali wa nazi na mchuzi wa papa kwa ajili ya kumbukumbu tu. Kaka zangu walikwenda Mawaleh kwa wakwe zao, tukabaki watatu, mama, binti yangu na mimi. Mama alivaa nguo ya kutokea. Alijitia udi. Nilitaka kumtania kwamba anakwenda kuoza nani, nikauona uso wake nikaacha.

Picha ikaanza na binti yangu akaanza kusoma maandishi kwa sauti, kwa sababu bibi yake macho hayafuati tena herufi zinazokimbia. Alifanya kwa mapenzi. Nasisitiza hilo, maana nilimkuta baadaye akilia kwa kujilaumu, na hana la kulaumiwa. Hakupata kuiona picha ile na babu yake. Kanda ilikufa yeye hajazaliwa.

Mwanzoni tulicheka. Yule mzee wa fimbo hakuwa mshenga kabisa, alikuwa akitangaza majina ya wageni. Mfalme hakuwa akilalamika pumu, alikuwa akizungumza habari za jeshi. Mama alifurahi. "Babu yako mwongo sana," alisema, na aliitamka "mwongo" kama mtu anavyomwita mtoto.

Kisha tukafika kwenye piano.

"Yaani anaivunja kila siku, Bibi," binti yangu alisema huku anacheka, "kwa sababu si fundi. Hajui kazi, maskini. Ndiyo kichekesho chenyewe."

"Analegeza makusudi," mama alisema. "Apate kurudi kesho."

"La, Bibi. Imeandikwa hapa. Anajiambia, ya rabbi, nimekata uzi mwingine. Hakuna makusudi."

Fundi aliendelea kuhangaika na piano yake, mashavu meusi kwa vumbi. Niliona mkono wa mama umeacha kuzungusha tasbihi.

"Simamisha," alisema.

Binti yangu akasimamisha. Kwenye skrini fundi alibaki mdomo wazi.

"Babu yako," mama alisema polepole, "alikijua Kijerumani. Si kwamba alikuwa hajui. Akikaa na yule mzee wa Kijerumani pale dukani wakiongea saa nzima."

"Basi kwa nini..."

"Redio ya baba yangu," mama alisema. Alinigeukia mimi. "Kila akiondoka inakufa. Nami nnasema miaka yote hii, mbele za watu, fundi gani huyu."

Nilikuwa nimeisikia hadithi ya redio na hadithi ya piano tangu sijaota meno yote, katika chumba kimoja, kwa mtu na mkewe, na sikupata kuziweka pamoja. Sote tulikuwa tunacheka mno.

Nilisema tuiache, tuendelee siku nyingine, kahawa inapoa. Mama akasema, "Endelea." Binti yangu akaniangalia. Mama akarudia, safari hii kwa ile sauti yake ya jumbani, na rimoti ikabonyezwa.

Wimbo wa chini ya roshani haukuwa na chumba wala dirisha. Ulikuwa wa waridi na mwezi, mambo ya nyimbo. Binti yangu aliusoma haraka haraka. Mimi nilikwisha kuanza kuiogopa ile ngazi ya mwisho, na nilitamani umeme ukatike, jambo ambalo Mabela halitokei mtu akilihitaji.

Akateremka. Joho, upanga, nishani. Binti mfalme yuko chini, mikono imeziba mdomo. Fundi akasema maneno marefu, na binti yangu, ambaye sasa alikuwa akisoma kwa sauti ndogo, akatafsiri: "Anasema, mimi si fundi. Mimi ndiye yule mwana wa mfalme uliyekataa kuolewa naye. Nilijigeuza ili nijue kama utanipenda bila ya taji."

"Nani mwana wa mfalme?"

"Huyu, Bibi."

"Huyo bwana harusi. Kaazima hizo nguo."

"Hakuazima, Bibi. Zake. Tangu mwanzo alikuwa mwana wa mfalme. Sasa wanakwenda kasrini kwake."

Gari la farasi likatoka langoni. Muziki ukapanda. Mama aliliangalia mpaka likawa doa, na mpaka doa likaisha na maandishi ya Kijerumani yakaanza kupanda.

"Hakuwa maskini," alisema.

"Hapana, mama," nilisema mimi.

"Basi yule mwanamke hakuacha kitu. Katoka jumba, kaingia jumba." Alivuta mtandio wake mbele. "Babaako ndiye aliyemtoa jumbani. Yeye ndiye aliyempeleka juu ya karakana, kisha akiniuliza mie."

Nilikwenda nikakaa karibu naye, nikamshika mkono, na mkono haukunishika. Nilimwambia baba alijua anapendwa. Nilimwambia ulikuwa mzaha, kila mtu alijua ni mzaha, na nyama ya ubavu haikupata kukosa sahanini mwa baba, na nguo zake hakuna aliyezipiga pasi ila yeye mama. Yote ni kweli. Mama alinisikiliza kama mtu anayesikiliza bei ya kitu asichotaka kununua.

"Mzaha wangu mie," alisema. "Swali lake yeye halikuwa mzaha."

Binti yangu alikuwa ameanza kulia bila ya sauti, nikamwashiria alete kahawa, akaenda. Adhana ya alasiri ilikaribia na mwanga ulikuwa umefika kwenye zulia. Mama akasema nirudishe lile gari la farasi. Niondoe na yale maandishi ya chini. Nikaondoa. Niliondoa na sauti.

Farasi wakatoka langoni kimya kimya. Bwana harusi mwenye joho, bibi harusi kichwa begani kwake.

"Niulize," mama alisema.

Nilielewa mara moja, na sikutaka. Lakini nilimgeukia, nikasema, "Je, bibie? Kafanya vyema?"

"Sivyo. Babaako hakuwa akiniangalia akiuliza."

Ni kweli, hakuwa akimwangalia. Miaka yote ile niliona mgongo wake na kidole chake kwenye kitufe, nikadhani anangojea kanda iishe. Nikainuka, nikaenda kukaa chini mbele ya televisheni, pahala pake, nikampa mama mgongo. Nikaliangalia gari la farasi. Nikauliza tena.

Nyuma yangu hapakuwa na sauti ya vikombe safari hii. Doa la gari likazidi kuwa dogo, na niliona kwamba pale alipokuwa akikaa baba, kioo cha televisheni kikiingia giza mwishoni, unaweza kumwona aliye nyuma yako. Nilimwona mama. Alikuwa ameinama, mtandio umeanguka mabegani, nywele zake nyeupe wazi.

"Kafanya vyema," alisema. "Wallahi kafanya vyema."

Sikugeuka. Jibu lile halikuwa langu, na mwenyewe hayupo.